Mapinduzi ya Zanzibar na Picha za Angani: Dokumentari Inaweza Kuthibitisha Nini?

Kila ifikapo Januari 12, kipande kilekile cha video huanza tena kuzunguka kwenye simu. Kimepigwa kutoka angani. Kinaonyesha minazi, vijumba, barabara za udongo, misururu ya watu wakitembea, malori, makaburi ya pamoja, na miili iliyolala ardhini na ufukweni. Huwa hakina maelezo zaidi ya sentensi moja: hiki ndicho kilichotokea Zanzibar mwaka 1964.

Mara tu kinapotumwa, mabishano huanza. Wapo wanaokishika kama ushahidi usiohitaji nyongeza, wakidai kwamba anayekiona ameyaona Mapinduzi yenyewe. Wapo wanaosema ni maigizo ya Wataliano waliokuwa na chuki na Afrika. Kizazi kilichozaliwa baada ya kurejeshwa kwa mfumo wa vyama vingi, ambacho shuleni kilifundishwa Mapinduzi kwa kurasa chache, kinaachwa katikati bila pa kushika.

Mkanganyiko huo ni mzigo mzito kwa watengenezaji wa dokumentari. Anayetaka kusimulia Mapinduzi kwa picha zinazotembea hukutana na kipande hicho kabla ya kitu kingine chochote. Akitumie? Akiache? Na akikitumia, atakuwa amethibitisha nini?

Picha zilikotoka

Picha hizo zinatoka katika filamu ya Kitaliano iitwayo Africa Addio, iliyotolewa mwaka 1966 na waongozaji Gualtiero Jacopetti na Franco Prosperi. Wawili hao walikuwa wameshapata jina kwa Mondo Cane ya mwaka 1962, filamu iliyokusanya matukio ya kushtua kutoka pembe mbalimbali za dunia na kuyauza kama ukweli mtupu. Kwa Africa Addio walizunguka bara hili katika miaka ambayo bendera za wakoloni zilikuwa zikishushwa. Walipiga picha Kenya, Tanganyika, Kongo na kwingineko. Walikuwepo Dar es Salaam pia katika siku za maasi ya wanajeshi yaliyoanza kambi ya Colito Januari 20, 1964, siku nane tu baada ya Mapinduzi ya Unguja.

Filamu ilikuwa na hoja yake, na haikuificha: Mzungu akiondoka, Afrika huporomoka na kuwa uwanja wa machinjo. Kila picha, pamoja na zile za Zanzibar, iliwekwa mahali pake ili kuitumikia hoja hiyo. Maelezo ya msimulizi na muziki wa Riz Ortolani viliongezwa baadaye. Anayetazama leo anasikia uamuzi uliofikiwa chumba cha uhariri, na sauti ya Unguja ya mwaka 1964 haimo.

Upinzani ulianza mapema. Agosti 1966, wanafunzi wa Kiafrika na wenzao wa Kijerumani waliandamana Berlin Magharibi kuipinga kwa sababu ya ubaguzi wake. Nchini Italia, Jacopetti aliandamwa na shutuma kwamba mauaji yaliyopigwa picha Kongo yalipangwa yaendane na kamera. Uchunguzi ulifanyika na hatimaye akaondolewa hatia, lakini shaka haikufutika. Kisha Marekani filamu ikakatwa na kutolewa upya kwa jina la kutisha zaidi, maelezo ya kisiasa yakipunguzwa na damu ikiachwa.

Kwa hiyo kipande kinachofika kwenye simu ya mtu Kariakoo, Wete au Muscat kimepita mikono mingi: mpiga picha aliyechagua pa kuelekeza lenzi, mhariri wa kwanza, mhariri wa pili, aliyekinakili kwenye kanda ya video, aliyekipandisha mtandaoni, na aliyekikata sekunde alizozitaka. Kila mkono umeacha alama yake.

Usiku usio na kamera

Jambo la msingi husahauliwa na pande zote mbili. Mapinduzi yenyewe hayana picha zinazotembea. Uvamizi wa vituo vya polisi vya Ziwani na Mtoni ulifanyika usiku wa kuamkia Januari 12, na hapakuwa na mpiga filamu. Zanzibar haikuwa na televisheni. Televisheni ilianzishwa visiwani mwaka 1974. Chombo kilichoyabeba Mapinduzi kilikuwa redio, na wananchi wengi walijua serikali imeanguka waliposikia hewani sauti ya John Okello, aliyejitangaza kuwa kiongozi wa Mapinduzi.

Picha za angani zilipigwa siku kadhaa baadaye. Zinaonyesha matokeo. Hazionyeshi aliyetoa amri, aliyepanga, wala aliyemwokoa jirani yake kwa kumficha uvunguni.

Zaidi ya hapo, haziwezi kuonyesha sababu. Hakuna kamera ya angani inayoweza kupiga picha uchaguzi wa Julai 1963, ambapo Afro-Shirazi Party ilipata takriban asilimia 54 ya kura na viti 13, huku muungano wa vyama vya ZNP na ZPPP ukipata viti 18 na serikali. Haiwezi kuonyesha ghasia za Juni 1961, ambamo watu 68 waliuawa na jamii ikabaki imepasuka. Haionyeshi mgawanyo wa ardhi ya mikarafuu, wala historia ya utumwa iliyokuwa ikitajwa majukwaani, wala uhuru wa Desemba 10, 1963 uliomwacha Sultani Jamshid bin Abdullah kwenye kiti na wengi wakiuona si wao.

Pengo hilo ndilo mtego mkubwa wa dokumentari za kihistoria. Msimulizi anapozungumzia usiku wa uvamizi, kioo hakiwezi kubaki cheusi, na mkono wa mhariri huvutwa kuchukua picha yoyote inayofanana. Urusi inatoa funzo. Sergei Eisenstein alitengeneza filamu ya Oktoba kwa ajili ya kuadhimisha miaka kumi ya mapinduzi ya 1917, akaigiza uvamizi wa Kasri la Majira ya Baridi kwa umati mkubwa kuliko ule uliokuwepo kweli. Kwa miongo mingi vipande vya maigizo hayo vimetumiwa katika vipindi vya historia kana kwamba ni picha za tukio halisi. Pengo la kumbukumbu lilijazwa na sinema, na sinema ikageuka kumbukumbu.

Hoja ya kwanza: picha ni ushahidi, zionyeshwe

Kundi la kwanza linasema picha za angani ndizo kumbukumbu pekee inayotembea ya mauaji yaliyofuata Mapinduzi, kwa hiyo kuziacha ni kushiriki kuficha. Kwa familia zilizopoteza watu, wengi wao Waarabu, ambazo kwa miongo hazikuwa na mahali pa kulitaja hadharani lililowapata, kipande hicho kina uzito usioelezeka. Kinasema: hamkuota.

Hoja hii ina nguvu ya kweli. Ukanushaji wa moja kwa moja, kwamba hakuna mauaji ya halaiki yaliyotokea, hauwezi kusimama mbele ya picha hizo. Shutuma za Kongo haziziangushi zenyewe, kwa kuwa tukio lililotawanyika juu ya eneo kubwa namna ile, likitazamwa kutoka angani, ni vigumu mno kupangwa na kikundi kidogo cha wapiga filamu. Tena, zinaendana na masimulizi ya walionusurika na ya wageni waliokuwepo Unguja wakati ule.

Udhaifu wake unaanzia pale picha inapodaiwa kusema zaidi ya uwezo wake. Makadirio ya waliouawa yanatofautiana sana, kuanzia mamia hadi zaidi ya elfu kumi, na dakika chache za filamu haziwezi kumaliza ubishi huo. Kutoka juu kiasi kile haiwezekani kumtambua mtu kwa jina, asili au chama. Na anayezionyesha pamoja na simulizi ya asili ya filamu huwa amechukua ushahidi pamoja na sumu iliyofungashwa nayo: dai kwamba Mwafrika hawezi kujitawala.

Hoja ya pili: zifungiwe

Kundi la pili linaanzia kwenye sumu hiyo. Linauliza kwa nini Wazanzibari wajitazame kwa jicho la filamu iliyotengenezwa kuwadhalilisha Waafrika wote. Linahofia pia amani. Visiwa hivi vimepita chaguzi zenye machungu, vikashuhudia watu wakiuawa Januari 2001, kisha vikatafuta Maridhiano yaliyozaa kura ya maoni ya Julai 2010 na Serikali ya Umoja wa Kitaifa. Kurusha picha za miili, wanasema, ni kuchokonoa kidonda.

Upande huu una jambo jingine la haki. Mapinduzi hayakuwa mauaji peke yake. Ardhi iligawiwa kwa eka tatu tatu, elimu ikatangazwa kuwa bure Septemba 1964, na baadaye majumba ya Michenzani yakapanda. Kwa maelfu ya waliokuwa wakilima ardhi isiyokuwa yao, Januari 12 ilikuwa siku ya kuhesabiwa kuwa watu. Dokumentari inayoonyesha makaburi tu imewafuta hawa.

Lakini kufungia kunashindwa kwa vitendo. Mwanaanthropolojia Marie-Aude Fouéré, aliyechunguza safari ya filamu hii ndani ya Zanzibar, ameonyesha jinsi ilivyopita mkono kwa mkono miaka mingi na namna watu walivyoipa maana zinazopingana. Kipande kilichokatazwa hadharani hutazamwa chumbani, bila mwalimu, bila mtu wa kuuliza. Hapo ndipo huwa hatari zaidi. Aidha, dokumentari ya mafanikio matupu, yenye picha za gwaride na nyumba mpya peke yake, hupoteza imani ya mtazamaji anayejua kwamba kuna jambo limerukwa. Akishagundua kuwa amefichwa moja, huyatilia shaka hata yale mafanikio ya kweli.

Hoja ya tatu: mashahidi waachiwe waseme

Kundi la tatu linapendekeza kuziweka pembeni picha za Wataliano na kuwasikiliza Wazanzibari wenyewe. Njia hii ina mizizi. Kitabu cha Harith Ghassany, Kwaheri Ukoloni, Kwaheri Uhuru!, kilichotoka mwaka 2010, kilitegemea sana mahojiano, na kiliibua mjadala mkali kuhusu nafasi ya watu kutoka Tanganyika. Kabla yake, kumbukumbu za Ali Muhsin Barwani, waziri katika serikali iliyopinduliwa, na maandishi ya Omar Ramadhan Mapuri, mwanasiasa wa CCM, zilionyesha jinsi tukio moja linavyoweza kusimuliwa kana kwamba ni mawili.

Nguvu ya masimulizi ni kwamba yanaingia pasipoingia kamera: usiku, ndani ya nyumba, moyoni mwa mtu. Yanarudisha majina. Yanaweza kueleza kwa nini kijana wa mtaa wa Ng'ambo alibeba panga, na kwa nini jirani yake wa miaka ishirini hakumfungulia mlango.

Udhaifu ni wa aina mbili. Wa kwanza ni umri. Aliyekuwa na miaka ishirini mwaka 1964 amevuka themanini, na kila mwaka mashahidi wanapungua. Wa pili ni kwamba kumbukumbu haikai mahali pamoja. Imepita katika siasa za chama kimoja, vyama vingi, uhamishoni na Maridhiano. Nafasi ya Okello ni mfano mzuri: simulizi rasmi humweka pembeni na kuitanguliza Kamati ya Watu 14 pamoja na uongozi wa Abeid Amani Karume, ilhali Okello mwenyewe, katika kitabu chake cha 1967, alijiweka katikati ya kila kitu. Shahidi wa leo huenda amesoma au kusikia simulizi zote mbili, na bila kukusudia akazichanganya na alichokiona kwa macho yake.

Hoja ya nne: picha zihojiwe hadharani

Njia ya nne huzitumia picha za maktaba, ila huzitendea kama shahidi aliyepanda kizimbani: anatakiwa kusema yeye ni nani, alisimama wapi, aliletwa na nani. Dokumentari humwonyesha mtazamaji picha pamoja na historia ya picha.

Sinema ya dunia ina mifano imara. Mwaka 1927 Esfir Shub alikusanya filamu za zamani za Urusi, zikiwemo zile za familia ya mfalme, akazipanga upya kusimulia kuanguka kwa nasaba ya Romanov. Picha zilizopigwa kumtukuza mfalme zikamshtaki. Shub alithibitisha kwamba nia ya aliyepiga picha haiifungi picha milele, jambo linalowapa Wazanzibari haki ya kuzichukua picha za Jacopetti na kuzivua simulizi yake. Lakini mfano huohuo ni onyo: mkasi unaoweza kukomboa unaweza pia kudanganya.

Harun Farocki na Andrei Ujică walikwenda mbali zaidi mwaka 1992. Walichukua zaidi ya saa 125 za picha za mapinduzi ya Romania ya Desemba 1989, za televisheni na za raia, wakazipanga huku msimulizi akieleza kamera iko wapi, kwa nini imegeuka, na nini hakionekani. Mtazamaji anatoka akijua mapinduzi, na akijua pia jinsi picha za mapinduzi zinavyotengenezwa.

Mfano ulio karibu zaidi na hali ya Zanzibar ni wa Guinea-Bissau. Amílcar Cabral, kiongozi wa harakati za ukombozi, aliwatuma vijana Cuba kujifunza upigaji filamu, wakiwemo Sana na N'Hada na Flora Gomes, nao wakarudi kupiga picha za vita vya ukombozi. Filamu zao zilikuja kuharibika na kusahaulika. Zilipohamishwa katika mfumo wa kidijitali kwa juhudi zao pamoja na mtengenezaji filamu Filipa César, zilirudishwa vijijini, zikaonyeshwa, na watu wakazizungumzia. Mazungumzo hayo yakawa sehemu ya filamu ya mwaka 2017, Spell Reel. Picha ya zamani iliongezewa maarifa na wale inaowahusu.

Hata mahakama zimepita njia hii. Picha chache za mauaji ya Kigali ya Aprili 1994, zilizopigwa kwa mbali na Nick Hughes kutoka juu ya jengo, ziliwasilishwa kama kielelezo katika Mahakama ya Kimataifa ya Rwanda kule Arusha, na mpigaji akasimama kuzieleza. Hakuna aliyetegemea picha ijieleze yenyewe.

Njia hii nayo ina gharama. Ni ya polepole, na mtazamaji aliyezoea video za dakika mbili huenda akachoka. Maelezo ya kitaalamu yakizidi, huzuni ya watu halisi hugeuka somo la uhariri. Na hakuna kinachomzuia mtu kukata sekunde zilezile za miili kutoka dokumentari makini na kuzirudisha mtandaoni zikiwa uchi.

Fedha, hatimiliki na hali ya nyaraka

Mjadala wa maadili mara nyingi huamuliwa na mfuko. Picha nyingi zinazotembea za Zanzibar ya miaka ya 1960 ziko nje. Sherehe za uhuru za Desemba 1963, alizohudhuria Mwanamfalme Philip, zilipigwa na mashirika ya habari ya Uingereza. British Pathé iliweka mtandaoni filamu 85,000 mwaka 2014, lakini kutazama bure hakumaanishi kutumia bure. Anayetaka kuziweka katika dokumentari hulipia leseni, na ada hukadiriwa kwa muda wa picha na eneo la kuonyeshwa. Mtayarishaji wa Unguja hujikuta akinunua kwa fedha za kigeni picha za mtaa wa bibi yake.

Ndiyo maana wengi hukimbilia nakala za mtandaoni. Hapo wanapoteza zaidi ya uhalali. Nakala iliyopunguzwa ubora haimwezeshi mtafiti kulinganisha umbo la pwani, barabara na vivuli na ramani za wakati ule ili kujua mahali na saa. Toleo la Kimarekani halina mpangilio wa lile la Kitaliano. Kazi ya kweli inahitaji toleo la asili na, ikipatikana, picha ghafi ambazo hazikuingia kwenye filamu.

Nyumbani nako hali ya hewa ni adui. Filamu za asetati zikikaa kwenye joto na unyevunyevu huoza na kutoa harufu ya siki. Zikifika hapo, muda uliobaki ni mfupi. Kuporomoka kwa sehemu ya jumba la kihistoria la Beit el Ajaib Desemba 25, 2020 kulionyesha jinsi urithi unavyoweza kupotea kwa alasiri moja. Nyaraka za Taifa pale Kilimani na maktaba za utangazaji zinahitaji fedha, wataalamu na utaratibu wa wazi wa kuruhusu watafiti. Bila hivyo, kila dokumentari kuhusu Mapinduzi itaendelea kuanza na Jacopetti kwa sababu hakuna pengine pa kuanzia.

Mizani

Ukizipima hoja nne, hakuna inayotosha peke yake, lakini hazilingani uzito. Ya kwanza ina haki katika madai yake kwamba waliokufa wasifutwe, na inakosea inapoifanya picha ya matokeo kuwa maelezo ya sababu. Ya pili ina haki kuhusu ubaguzi wa filamu na hatari ya kuchochea; suluhisho lake la kufungia limeshapitwa na simu za mkononi. Ya tatu inarudisha sauti kwa wenyewe, ila inakimbizana na umri. Ya nne ndiyo imara zaidi, mradi iibebe ya tatu mgongoni.

Kwa mtengenezaji wa dokumentari, msimamo huo unazaa mambo manne ya kufanya. Picha za Africa Addio zitumike bila simulizi na muziki wake wa asili, huku kioo kikitaja zilipotoka, zilipigwa lini na kwa nia gani. Zisitumike kamwe kufunika usiku wa Januari 12. Pasipo na picha, mtazamaji aambiwe hapana picha, na sauti ya shahidi itoshe. Miili ionyeshwe kwa kiasi kinachothibitisha tukio, na ionyeshwe pamoja na uchaguzi wa 1963, ghasia za 1961, suala la ardhi na mabadiliko yaliyofuata. Na kabla ya kwenda hewani, filamu ipelekwe Unguja na Pemba kwa watu wanaohusika, wa pande zote, majibu yao yarekodiwe na kuingizwa.

Kwa serikali na taasisi za kumbukumbu, kazi ni kuokoa filamu zilizopo, kujadiliana na wenye hatimiliki walio nje ili nakala bora zirudi, na kufungua milango kwa watafiti. Kwa shule, ni kumfundisha mwanafunzi kuuliza maswali matatu mbele ya kila kipande cha video: nani alipiga, nani alikata, na nini kimebaki nje. Mashahidi wa mwaka 1964 bado wapo, ingawa ni wachache, na kuwarekodi ndiyo sehemu pekee ya kazi hii isiyoweza kuahirishwa hadi bajeti ijayo.